Mtu Tuliyemuua Kila Jumapili

Habari zilinifikia Jumanne kwa simu kutoka Ngara: mwigizaji wetu wa Murukulazo ametutoka, kitandani kwake, wajukuu wakichambua maharage uani. Wengi wenu, wasomaji wangu, hamkumjua, na hilo halinishangazi. Kwa karibu miaka arobaini aliigiza bila kuwa shujaa wa mchezo hata mara moja. Alikuwa mkoloni, kabaila, mlanguzi, mganga tapeli, na siku moja tulipopungukiwa na watu alikuwa ng'ombe mgonjwa. Alikuwa ng'ombe mzuri sana.

Enzi za vijiji vya ujamaa nilikuwa mwalimu kijana wa shule ya msingi, na kazi ya kutunga michezo ya kikundi cha utamaduni iliniangukia mimi. Jumapili baada ya misa watu walikaa kwenye nyasi mbele ya ghala la kijiji, nasi tukawaonyesha ubaya wa unyonyaji. Unyonyaji huo alikuwa yeye. Alijifunga mto tumboni, akaficha sukari chini ya kitanda, na watu wakamzomea mpaka koo zikawakauka. Shida ni kwamba mchezo ulipokwisha hawakuacha. Siku moja alinifuata shuleni, kofia mkononi.

"Mwarimu, nipe na mimi mtu mwema, hata mara moja tu. Mke wangu akienda kisimani wanamwita mke wa mlanguzi."

Nilimwambia nitafikiri. Nilimdanganya, kwa sababu sikuwa na mwingine aliyejua kuchukiwa vizuri kiasi kile.

Vita vya Kagera vilipoanza nikampa adui: kofia ya kijeshi, nishani za vizibo vya soda, bunduki ya ubao. Akiwa njiani kwa baiskeli kwenda kuigiza upande wa Rusumo, mgambo wa kizuizi cha barabarani walifungua mfuko wake wakayakuta hayo yote. Akasema yeye ni mwigizaji. Wakamwambia aigize. Mwenye akili angeimba wimbo wa kulisifu jembe. Yeye, asiyejua kufanya kazi nusunusu, alijipiga kifua akatangaza kwamba kufikia jioni atakuwa anakunywa chai Biharamulo. Wakamfunga kamba mikono. Siku zile aliyedhaniwa jasusi hakuulizwa mara mbili. Bibi mmoja akapita na mkungu wa ndizi kichwani, akielekea gulioni.

"Shikamoo, bibi. Unamjua huyu?"

"Marahaba. Namjua. Tulimuua Jumapili, pale kwetu. Na Jumapili ile nyingine. Mfungueni, wanangu, ana mke huyo."

Aliporudi nilimwonea aibu. Nikamwandikia nafasi ya askari wetu, shujaa mwenye maneno mengi na ushindi mwishoni. Alisikiliza nikisoma mpaka mwisho.

"Na adui atakuwa nani?"

Nikamtajia kijana mmoja wa kikundi.

"Yule anapenda kupendwa, Mwarimu. Atamfanya adui awe mtu wa kuchekwa, na watu wana watoto wao huko vitani. Mpe yeye huyo askari."

"Na mkeo?"

"Nitaongea naye."

Jumapili iliyofuata alizomewa kuliko siku zote.

Wahenga walisema mcheza kwao hutunzwa. Huyu alicheza kwao maisha yake yote, na tuzo yake ikawa matusi. Nikitazama maofisini na mikutanoni leo, naona kila mmoja wetu anagombea nafasi ya yule askari. Kazi ya kusema lisilopendwa, ya kuwa mbaya ili jambo lieleweke, tunamwachia mmoja, kisha tunamsengenya. Kama yupo wa namna hiyo karibu nawe, mshukuru angali anasikia. Mimi ndiye niliyemtungia maneno yale yote, na mwisho wa kila mchezo watu walikuja kunipa mkono mimi. Sikuwahi kumwambia asante.