Mume wa Mfinyanzi

Askari wa usalama barabarani alipomuuliza Muhidini mke wake marehemu alikuwa akifanya kazi gani, alijibu bila kufikiri, "Hana kazi. Yuko nyumbani tu." Hakuwa na nia mbaya. Kijijini kwake, kando ya barabara ya Handeni kwenda Korogwe, wanaume wengi wangejibu vivyo hivyo. Isitoshe, Shamimu alikuwa amegongwa na lori asubuhi hiyo hiyo, amesimama kando ya barabara na mzigo wake akisubiri gari, na kichwa cha Muhidini kilikuwa kimejaa habari za sanda na kaburi.

Jibu hilo lilimrudia miezi kadhaa baadaye. Dereva alikuwa amekwisha tiwa hatiani. Ukoo ulikuwa umemteua Muhidini kuwa msimamizi wa mirathi, na mahakama ya mwanzo ilikuwa imethibitisha. Yalibaki madai ya fidia katika kampuni lilikokatiwa bima lile lori, na Raheli, mama wa ofisi ya msaada wa kisheria mjini Korogwe, ndiye aliyemweleza walivyojibu.

"Mzee, gharama za mazishi watalipa. Ila wanasema wewe mwenyewe uliwaambia polisi kwamba marehemu hakuwa na kazi. Kwa hiyo hakuna aliyekuwa akimtegemea, hata watoto."

"Watoto wananitegemea mimi."

"Peke yako?"

Muhidini alitaka kusema ndiyo. Halafu akamkumbuka Maryamu, binti yake mkubwa, aliyekuwa akisoma kidato cha tatu hapo Korogwe na kuishi chumba cha kupanga. Tangu msiba, mwenye nyumba hakuacha kupiga simu kudai kodi, na alikuwa amekwisha sema mtoto atoke mwisho wa muhula. Kabla ya hapo simu hizo hazikuwapo. Siku zote Muhidini aliamini kuwa kodi ilitoka kwenye fedha ya machungwa aliyomkabidhi mke wake kila msimu.

"Alikuwa akienda kwenye vyungu," alisema, "kama wanawake wengine."

"Akiuza?"

"Akiuza."

"Wapi? Kwa nani?"

"Sijui, mama."

Raheli alimtazama kidogo. "Basi nenda ukajue. Halafu urudi uniambie."

Kutojua kwake kulikuwa na sababu. Kwao, mwanamume hakanyagi mahali wanawake wanapochimba udongo wala wanapochomea vyungu. Akikanyaga, vyungu vyote hupasuka motoni. Mama yake alimwambia hivyo akiwa mtoto, akatii, na kadiri miaka ilivyopita kutokwenda kukageuka kuwa kutouliza.

Alianzia kwa wafinyanzi. Alisimama pale kijia kinapoacha mashamba na kuingia kichakani, akakohoa kwa nguvu. Akatokea Bibi Mwantumu, mkubwa wao, mikono imejaa udongo hadi kwenye viwiko.

"Shikamoo bibi."

"Marahaba. Umekuja kufinyanga?"

"Nimekuja kuuliza habari za Shamimu."

"Alipokuwa hai hatukukusikia ukikohoa hapa," alisema Bibi Mwantumu, na huko kichakani wakasikika wanawake wakicheka. Lakini alijibu. Shamimu alikuwa na mkono mwepesi. Vyungu vyake vilikuwa vyembamba na havikuvuja, na wengine walimletea kazi zao azimalizie midomo. "Nenda Korogwe kwa Asnath muuza makande. Yeye atakwambia zaidi."

Asnath, Msambaa mnene mwenye kibanda karibu na soko, alimpokea kama mtu aliyekuwa akimsubiri.

"Kumbe shemeji ndiye wewe! Mwenzangu alisema ana mume anayejua habari za dunia nzima kwenye redio, ila za jikoni kwake mpaka atangaziwe."

Muhidini alicheka bila kutaka. Akaketi na kuuliza, na kila jibu likazaa swali jingine. Asnath alipikia vyungu vya Shamimu tu. Wapishi wenzake walimwona, nao wakaanza kuagiza. Fedha yote ilipitia mikononi mwa Asnath, naye ndiye aliyempelekea mwenye nyumba kodi ya Maryamu.

"Mbona hakuniambia?"

"Uliwahi kumuuliza?"

Raheli alipeleka maelezo hayo kwenye kampuni. Wakamtuma afisa wao, Abraham, kijana mpole mwenye viatu vilivyong'aa. Alipofika kijijini pamoja na Raheli, alimwamkia Muhidini kwa heshima, kisha akasema ni lazima aione kazi yenyewe mahali inapofanyika. Asipoiona hataweza kuithibitisha.

"Haiwezekani," alisema Bibi Mwantumu. "Leo tunachoma. Ukikanyaga na vyungu vikapasuka, nani atatulipa? Na hiyo bima yako imekatiwa bima?"

Abraham alimgeukia Muhidini amsaidie. Muhidini alitazama kijia. Alijua kuwa chumba cha mtoto wake kilitegemea jambo hilo, na kwamba hatua chache tu zingemfikisha kijana huyu mahali pa kuona. Alijua pia kuwa kumwingiza kwa nguvu kungekuwa kuivunja kazi ya Shamimu ili kuithibitisha.

"Sikuingia mimi mume wake," alisema. "Wewe hutaingia. Mama Raheli aende."

Raheli alivua viatu, akaenda. Wanaume wawili wakakaa juu ya gogo, wakitazama moshi ukipanda juu ya kichaka.

"Mzee, huko ndani kuna nini hasa?"

"Laiti ningejua."

"Lakini unafikiri kuna nini?"

"Mimi nilidhani kuna udongo tu," Muhidini alisema. "Sasa sidhani tena."

Raheli alirudi jioni, gauni limejaa madoa, akiwa na picha alizoruhusiwa kupiga kwa simu yake: vyungu vya kila mmoja vikiwa mahali pake, na mahali pa Shamimu mitungi mitatu isiyomalizwa ambayo hakuna aliyeigusa. Abraham aliziangalia kwa muda mrefu. Hakuahidi lolote. Alimwomba Asnath na wapishi wenzake waandikishe maelezo yao, kisha akaondoka.

Majibu yalikuja mvua za vuli zilipoanza. Kampuni ilikubali kwamba Shamimu alikuwa mfinyanzi na kwamba watoto walimtegemea. Fedha haikuwa kubwa kama watu wa kijijini walivyovumisha. Fungu la watoto liliwekwa benki kwa jina lao, na Maryamu alibaki kwenye chumba chake.

Likizo ilipofika, Maryamu aliomba ruhusa ya kwenda na wanawake kichakani. Siku ya kwanza alirudi akiwa na udongo hadi kwenye nyusi. Muhidini alizima redio.

"Mmefanya nini leo?"

"Baba, ya kule hayasemwi."

"Basi niambie yanayosemeka."

Maryamu alifikiri, akavuta kigoda, akaanza na namna ya kuuchagua udongo.