Mzee Dita na Mikono ya Mama

Juzi nilinunua sabuni ya mwani pale Ukunda. Nilipoifungua, harufu yake ya chumvi na majani ya bahari ilinirudisha Kibuyuni, nyuma ya nyumba yetu, penye vichanja vya kukaushia mwani. Nilikuwa na miaka tisa, shule zilikuwa zimefungwa, na kwetu alikuwa amefika Mjerumani mwenye kamera.

Jina lake Dieter, lakini halikutukaa mdomoni, akawa Mzee Dita. Alikuwa mrefu, mwenye mvi tupu, na bega lake la kulia lilikuwa limeshuka, basi sisi watoto tulimwigiza kila alipotupa kisogo. Kwa miaka mingi alikuwa akija kupumzika Diani, kwa hiyo Kiswahili alikijua. Alikisema polepole, kama mtu anayepita juu ya matumbawe bila viatu. Alifuatana na mkubwa wake wa kazi, bibi kijana, Mjerumani pia, na dereva wao Juma, aliyejifunza Kijerumani mahotelini.

Walikuwa wakitengeneza filamu ya televisheni kuhusu wakulima wa mwani. Walimchagua mama yangu kwa kuwa ndiye wa kwanza upande wetu kupigilia vigingi baharini. Mama alikubali. Lakini asubuhi ya kwanza, walipotaka mikono yake ionekane kwa karibu ikifunga mwani kwenye kamba, aliiingiza ndani ya leso.

"Uso wangu chukueni," alisema. "Mikono, la."

Yule bibi alibadilika uso. Bamvua lilikuwa limebakiza siku tatu tu, na maji yasipokupwa sana, shamba la mwani halionekani. Alisema maneno mengi kwa Kijerumani, akionyesha kamera, akionyesha miamba. Mzee Dita alijibu kwa ufupi, akaifunika kamera kwa kitambaa, akaketi juu ya ndoo iliyopinduliwa. Hakuinuka mpaka maji yalipojaa.

Siku ya pili aliketi vilevile. Nikamwendea.

"Shikamoo, Mzee Dita. Mbona hufanyi kazi?"

"Marahaba. Ninafanya. Ninangoja."

Mimi nikaona huo ni uvivu tu. Mama alinikaripia kwa utovu wa adabu, na kwa kumwonea haya mgeni akamletea mahamri na mbaazi. Akamwuliza kazi ile ameifanya kwa muda gani.

"Miaka arobaini na miwili," alisema.

Alianza kwa kufagia studio na kufuta lenzi. Akapandishwa kubeba kamera za filamu za sinema, nzito kama gunia la unga. Baadaye akaingia televisheni, akapiga hadithi za polisi miaka nenda miaka rudi. Akatusimulia juu ya mwigizaji aliyelazwa kwenye theluji kama maiti. Kila kamera ilipowashwa, maiti ilipiga chafya. Walirudia mpaka jua likatua.

Mama alicheka mpaka leso ikamponyoka, mikono yake ikabaki wazi mapajani: ngozi imepasukapasuka, kucha zimeliwa na chumvi. Mzee Dita akageuza uso haraka, akatazama baharini.

"Wewe bega lako lina nini?" Mama aliuliza. Nilitamani ardhi inimeze.

"Kamera. Mke wangu akinishonea koti, mkono mmoja huurefusha."

"Huoni haya?"

"Zamani niliona sana. Nikipigwa picha, nilikuwa ninasimama nyuma ya wenzangu."

Mama akasema jambo ambalo sikuwahi kulisikia. Kwenye harusi moja Msambweni, alipoketi apakwe hina, mpakaji aliishika mikono yake akauliza mbele za watu hina itashika wapi hapo. Wanawake wakacheka. Mama akainuka, akarudi nyumbani kabla ya chakula.

Mzee Dita hakumwambia kwamba mikono yake ni mizuri. Alisema tu, "Pole sana, mama."

Siku ya tatu, bahari ilipokauka, Mama alimwita. "Chukua. Lakini picha niitazame mimi kwanza. Nisipopenda, ufute."

"Nitafuta."

Alipiga magoti majini, mzee yule, mpaka kamera ikalingana na mikono ya Mama. Hakumwambia ageuke huku wala kule. Kisha akamgeuzia kioo kidogo cha kamera, chenye picha. Mama alikitazama kwa muda mrefu, maji yakimchezea miguuni.

"Hii ni yangu?"

"Yako."

"Basi endelea."

Filamu ilipotufikia, tuliitazama darasani, kwenye ukuta. Mikono ya Mama ilijaa ukuta mzima, vidole vikipita kwenye kamba kwa wepesi ambao sikuwahi kuuona, mimi niliyeiona kila siku. Wanawake wakapiga vigelegele. Mama akajifunika uso kwa leso akicheka, mikono ikabaki nje.

Mwaka jana nilikutana na Juma dereva, sasa ana wajukuu. Ndiye aliyenieleza yale maneno ya Kijerumani. Yule bibi alitaka Mzee Dita ajifiche miambani amchukue Mama kwa mbali, bila yeye kujua. Mzee alijibu kwamba katika miaka yake yote hajamwibia mtu, na kama ni hivyo atafutwe mpiga kamera mwingine. Wakati mimi nikimwona mvivu, alikuwa tayari kuipoteza kazi yake.

Nilifika nyumbani mbio kumweleza Mama. Alikuwa akichambua mchele, wala hakuinua kichwa.

"Nilijua siku ile ile," alisema.

"Ulijuaje, na Kijerumani hukijui?"

"Nilimwona alivyoifunika kamera yake. Unadhani ni kwa nini nilimpa mikono?"