Pua ya Mama Pipa

Mama Pipa, binti wa mchinjaji wa sokoni, mjukuu wa bibi aliyewalisha wajenzi wa reli, mjane wa kaka yangu fundi seremala. Mwanamke aliyepika harusi za watoto na baadaye za watoto wa watoto hao, na hakuna mgeni aliyewahi kushikwa na tumbo. Ndiye huyo. Mimi ni wifi yake, na haya niliyaona kwa macho yangu, sikusimuliwa.

Nguruwe wake alilazwa kwanza kwenye maji ya chumvi, ndani ya pipa la chumba cha nyuma, jiwe juu ili nyama isielee. Maji yale hakuyamwaga. Akishapika huyachemsha, huengua povu, huyanusa. Yakiwa mazima hungoja nyama nyingine. Na kabla ya kupika huchoma paja kwa spoki ya baiskeli mpaka kwenye mfupa, huichomoa, huinusa. Mfupani ndiko nyama huanza kuoza, huku nje ingali inang'aa. Kunusa hakumwachia mtu.

“Pua yako wewe ni ya kuwekea miwani tu,” alimtania mkwewe, mke wa mwanawe.

Kisha siku moja maziwa yaliungua jikoni, harufu ikajaa nyumba nzima, naye kakaa kando ya jiko ameyapa mgongo, anachambua mchele. Tukacheka, tukasema uzee huo. Mkwewe hakucheka.

Ikaja harusi ya binti wa fundi cherehani. Viti vimeshapangwa uani, watoto wanakimbizana katikati yake. Nilipofika mlango wa chumba cha nyuma niliziba pua kwa kanga. Nzi walikuwa wametanda kwenye mfuniko, weusi tupu. Harufu ya uozo ilikuwa imejaa chumba. Wifi yangu alikuwa ameinamia pipa, anaimba taratibu.

Alichomoa spoki, akaipitisha puani. “Safi. Leteni masufuria.”

“Wifi, hebu nusa tena.”

“Ala! Leo umekuja kunifundisha?”

Mkwewe alisogea pipani. Alichota yale maji kwa upawa, akauinua. Yakashuka yakivutika kama ute wa yai, hayakatiki.

“Mama, tazama.”

Akatazama. Akachukua chupa ya mafuta ya taa dirishani, akaifungua, akavuta pumzi kwa nguvu. Akavuta tena. Uso ukamshuka.

“Tangu lini?” aliuliza.

Nje mtu akaita, “Mama Pipa! Wageni ndio hao wanaingia!”

“Watakula wali na mboga,” alisema, “wakinuna waninunie mimi.” Akamwekea mkwewe spoki mkononi, akamkunja vidole juu yake. “Mwageni yote. Chimbeni shimo refu, mbwa wasifukue. Kuanzia leo unanusa wewe. Na nisikilize vizuri, mwanangu. Siku ukisema imeoza, mimi nitasimama hapa nikubishie. Najijua, nitakubishia mpaka ulie. Usinisikilize. Zika.”