Nilivyokwenda Mgongoni Kumwomba Bi Mize Adanganye

Kombo alinipigia simu nikiwa Wiyoni, naosha samaki. "Mjomba," akasema, "njoo umwambie mama adanganye." Nikamwuliza adanganye nini. "Neno moja tu. Halafu utakula, utalala, utarudi kwenu."

Nieleze kwanza, maana wengi wenu hapa nyumbani hamkijui kisiwa cha Mgongoni. Ni kidogo, kiko nyuma ya Pate, na watu wake wana dini yao. Wanasema kisiwa chenyewe ni mgongo wa Mlala, aliyelala kifudifudi tangu nti haijawa nti, ni bahari tupu. Mara moja kwa mwaka, maji yakipwa sana, huzinduka akauliza, "Kumekucha?" Ajibiwe, "Bado, lala." Akiambiwa kumekucha atainuka, na nyumba zote zitamwagika baharini. Kujibu ni kwa zamu, nyumba kwa nyumba, na nyumba ikishindwa kujibu inahama kisiwa. Sasa zamu ilikuwa ya nyumba ya Kombo, na anayejibu ni mkubwa wa nyumba, yaani mama yake, Bi Mize. Naye Bi Mize hajapata kusema uongo.

Mimi na Bi Mize ni ndugu wa kunyonya. Mamangu aliugua nikiwa mchanga, mama yake akatunyonyesha sote wawili, huyu huku na huyu huku. Mpaka leo husema nilipewa upande wenye maziwa zaidi.

Asubuhi nikashuka gatini nikapanda boti ya Pate. Mashine ilizimika njiani, Mkandani. Nahodha akaifungua, akaitazama, akaifunga, ikawaka. Nilimwuliza amefanya nini, akasema hajui. Kuna madaktari wa namna hiyo pia, lakini hayo tuyaache.

Mbwajumali, pale pwani, nilikuta matenga yamepangwa kivulini, kila tenga na jogoo wake, wote wanawika. Bi mmoja alikuwa akiwamwagia mtama.

"Jogoo wa nani hawa?"

"Wa Mgongoni. Kila mwaka wanatuletea, wasije wakawika huko wakamwamsha mtu wao. Wanatuamsha sisi."

"Nanyi mnapata nini?"

"Tutapata nini, Bwana? Mayai hawatagi."

Mgongoni nilifika alasiri, kwa mtumbwi. Vinu vimelazwa ubavu, hakuna anayetwanga. Punda wamefungwa magunia kwato zote, wanatembea kama watu waliovaa viatu vya kuazima. Bi Mize alikuwa barazani. Nikatoa salamu, akanijua kwa sauti kabla sijamaliza.

"Ndia ilikuwaje?"

"Njema."

"Umenenepa."

Nami nilikuwa nimetoka kwenye malaria, kikoi nakikaza kwa kamba. Nikaona ni adabu zake tu. Akanimiminia chai, kidole amekitia ndani ya ukingo wa kikombe, chai ikamgusa, akaacha. Nikasema moyoni, huu ni uzee, mimi mwenyewe natafuta miwani nikiwa nimeivaa.

"Umetumwa na Kombo," akasema.

"Nimetumwa."

"Yua litakuwa utosini, nami niseme bado?"

"Ni neno moja, Bi Mize. Wenzako wote wamelisema."

"Basi na walirudie wao, wamelizoea."

"Na mkihamishwa?"

"Kombo na mkewe watakwenda Kililana kwa wakwe. Mimi nitakuja kwako Wiyoni, unilipe yale maziwa."

Nikaanza kuhesabu vyumba. Nyumba yangu ina vyumba viwili, na kimoja kimejaa nyavu. Kombo aliyasikia yote akiwa mlangoni. Usiku ule hakula.

Siku yenyewe tuliteremka mwambani jua limeshapanda, kila mtu na mkeka wake na mto wake. Bi Mize alikuja amemshika mke wa Kombo begani, akitembea polepole kama bi harusi. Kuna shimo kwenye mwamba, wanasema ndimo itokamo sauti ya Mlala; hapo wote wakatandika, wakalala, wakaanza kukoroma, wazee kwa vijana, ili Mlala asadiki kuwa ni usiku. Mimi nina dini yangu, kwa hiyo nililala bila kukoroma. Kaa akapita juu ya mguu wangu, nikamwacha apite. Jua lilikuwa linachoma mpaka ndani ya kope.

Waliosimama ni wawili, Bi Mize na Bwana Kae, mtunza shimo. Bwana Kae akatega sikio shimoni. Mimi nilisikia upepo. Yeye ndiye mwenye kazi hiyo, akainua kichwa.

"Mlala anauliza, kumekucha?"

Mikoromo ikapungua. Kombo alikuwa amefumba macho kwa nguvu, midomo yake inasema bado, bado, bila sauti. Mtoto mmoja akapiga chafya, ndipo Bi Mize akaugeuzia uso sauti ya Bwana Kae.

"Mwambie," akasema, "kwangu mimi hakujakucha. Tangu msimu wa kusi uliopita ni kiza kitupu. Yua nalisikia mwilini, silioni. Alale."

Bwana Kae akamtazama kwanza. Kisha akainama, akalipeleka neno shimoni kama alivyopewa, akasikiliza.

"Amelala," akasema.

Hapo ndipo hupigwa ngoma, na zilipigwa. Pilau ikaja, nzuri sana, ila Kombo alikaa na sahani yake mapajani akimtazama mama yake anavyoutafuta mkono wa mkamwana wake. Nyumba yake imebaki kisiwani. Mimi nikaenda kuswali adhuhuri nyuma ya tangi la maji.

Kesho yake niliondoka na Bi Mize, nimpeleke hospitali ya Amu akatazamwe macho. Bwana Kae alitufuata mpaka majini. Akauliza kwa adabu kama matibabu hayawezi kungoja, maana watu wameridhika na jibu lile, na wangependa ajibu yeye kila mwaka.

"Mwakani muulizeni jogoo," Bi Mize akamwambia.

Nilichojifunza katika safari hii ni kwamba nilitumwa nikamfundishe uongo mtu aliyekuwa akitudanganya sote tangu kusi, na hakutumia hata hilo neno moja.

Gatini Amu nilimpa mkono apande ngazi. Akaushika, akaupapasa mpaka kwenye kiwiko, akasimama.

"Umekonda," akasema. "Mbona hukuniambia?"

"Nawe hukuniambia."

Tukapanda.