Magazini Sita za Mzee Piusi

Katika miaka minne niliyofanya kazi na Mzee Piusi nilikasirika kuliko miaka yote niliyoishi kabla yake, na hata kabla yake sikuwa mpole. Mimi nilikuwa karani wa kampuni ya ulinzi ya Kinga Nyanda, pale Karatu mjini, nyuma ya gereji. Yeye alikuwa fundi silaha na mtunza ghala. Ukimwomba ufunguo anakwambia subiri, anamaliza kukunja kitambaa chake, anaenda kuhakikisha kwamba mlango alioufunga bado umefungwa, ndipo anakuuliza upya unataka nini. Wanasema mwenda pole hajikwai. Hawakusema kama anafika. Mwishowe nikajifunza kwenda kuomba ufunguo nusu saa kabla sijauhitaji.

Kwao ni Kansay, alikokuwa na shamba la mahindi na mbaazi, ng'ombe tisa, na mke aliyekwisha kukata tamaa ya kumharakisha. Jeshini alikaa miaka ishirini na miwili akitengeneza bunduki, akastaafu na goti bovu na tabia ya kuhesabu kila kitu kwa sauti. Baada ya hapo aliajiriwa kwenye kambi moja ya uwindaji huko Loliondo, akaachishwa mwaka wa pili kwa sababu alikataa kutia saini fomu ya kupokea risasi zilizolowa mvua. Habari hiyo ilijulikana Karatu nzima. Bosi wetu Philbert aliijua pia, na bado akamwajiri. Mara nyingi nilitaka kumuuliza Philbert alitegemea nini.

Julai 2003 wakala mmoja wa watalii kutoka Arusha alitaka magari yake yanayopita Malambo na Digodigo yawe na mlinzi mwenye bastola. Msimu ule njia ile ilikuwa na wanyang'anyi, na wakala alisisitiza mlinzi awe na risasi nyingi. Bastola zetu zilichukua risasi kumi na tatu. Philbert ni Mrombo, mtu wa haraka tangu kuzaliwa. Akashuka Arusha, akarudi siku ya pili na boksi la viatu lenye magazini sita ndefu za bei poa. Magazini, kwa asiyejua, ni kile kikasha cha bati kinachoingia kwenye mpini wa bastola. Ndani yake springi inasukuma risasi juu, moja baada ya nyingine. Hizi zilibeba risasi ishirini na tano. Zilichomoza chini ya mpini kama mguu wa mbuzi kwenye sufuria ndogo.

Aliyepangwa kukaa kiti cha mbele na bastola hiyo alikuwa Ngoitiko, mlinzi wetu, mtu wa Malambo. Mkewe Nanyokie alikuwa amejifungua wiki tatu kabla, na Ngoitiko hajamwona mtoto. Safari ile ingepita karibu na boma lake. Kwa hiyo aliitaka kuliko Philbert mwenyewe, na safari ilikuwa Jumamosi. Kilichobaki ni saini ya Mzee Piusi. Mkataba wa wakala ulisema kifaa kisitoke ghalani kabla fundi silaha hajakijaribu na kutia saini fomu.

Jumatano tukaenda kwenye machimbo ya moramu, changarawe ya barabara, nje ya mji, tukiwa na kibali chetu. Mimi nilishika daftari. Mzee Piusi alizipa magazini namba kwa rangi nyeupe, akangoja rangi ikauke, na tukangoja wote. Halafu akaanza. Namba moja ilipiga risasi kumi ikakwama. Namba mbili ikakwama ya saba. Namba tatu kifuniko cha chini kilifyatuka, springi ikaruka kwenye majani na tukaitafuta kwa magoti. Namba nne na namba sita zilikwama, zikaachia, zikakwama. Namba tano aliijaza, akaidondosha juu ya jiwe kutoka usawa wa mkanda, kwa sababu alisema mlinzi naye ana mikono ya kutetemeka. Midomo ya magazini inayoshika risasi ikapanuka, risasi zikamwagika vumbini.

"Andika," alikuwa akiniambia kila mara, kana kwamba nilikuja pale kusuka nywele.

Philbert alipoona daftari alisema Mzee Piusi amezoea vitu vya jeshi, na kwamba magazini mpya ni kama viatu vipya, lazima zivaliwe kwanza. Mzee Piusi alizitupa pembeni mbili zilizovunjika. Nne zilizobaki alimpa Ngoitiko azioshe vumbi kwa mafuta ya taa, kwa sababu hiyo ndiyo iliyokuwa sheria yake: kila mlinzi asafishe kitu atakachokitegemea yeye mwenyewe.

Alhamisi mchana, jua likiwaka kwenye machimbo, zile nne zikapiga zote. Risasi ishirini na tano, kisha ishirini na tano tena, bila kukwama hata moja. Ngoitiko alikuwa akicheka waziwazi. Philbert alipiga makofi, akachukua magazini zake palepale, akazifungia kwenye kabati la ofisini kwake ili, kama alivyosema, zisichokonolewe tena. Nikatoa fomu na kumpa mzee.

Hakuishika. Alisema chuma kilichokataa jana hakikubali leo bila sababu, na yeye sababu haijui. Alitaka azifungue azione ndani, azijaze na kuziacha siku kumi, kisha azijaribu asubuhi ya baridi, maana gari lingelala huko juu kwenye ukingo wa kreta, lile shimo kubwa la volkano, na si Karatu. Siku kumi! Wakala alikuwa anapiga simu kila baada ya saa mbili. Philbert alimfokea, na Mzee Piusi akaendelea kukunja kitambaa. Kisha Philbert akaniita ofisini, akasema kwamba kabla ya Jumamosi anataka fomu ile mezani ikiwa na saini, na jinsi itakavyopatikana yeye hataki kujua. Mkataba ukipotea, alisema, wa kwanza kupunguzwa ni karani.

Ijumaa nikapanda pikipiki ya katekista hadi Kansay. Nilimkuta mzee akipukuchua mahindi. Nikamwamkia, nikakaa, nikamweleza yote: wakala, mdogo wangu anayesoma Marangu kwa mshahara wangu, Ngoitiko na mtoto wake. Nilimbembeleza hadi nikajichukia. Alinisikiliza hadi mwisho, ndipo akasema, "Anitha mwanangu, wewe unaniomba jina. Ngoitiko ndiye atakayelibeba." Halafu akamwambia mkewe anipe debe la mahindi ya kwenda nayo. Nilirudi Karatu na debe kwenye mapaja, nikiwa na hasira hata machozi yananitoka. Sikio la kufa halisikii dawa, nilijiambia, na huyu mzee atatuzika wote kwa ukaidi wake.

Nilipofika ofisini nikakaa, nikachukua kalamu, nikaandika saini yake. Ilikuwa rahisi. Kwa miaka minne nilikuwa nimemtazama akiandika ile P yake yenye mkia mrefu, polepole, nami nikingoja amalize. Niliiandika kwa haraka na ikatoka sawasawa. Nikaiweka kwenye meza ya Philbert na nikaenda nyumbani kupika.

Jumamosi alfajiri tulikuwa juu kwenye ukingo, mbele ya hoteli walikolala watalii. Mimi nilikuja kukabidhi karatasi, Philbert kusalimiana na wakala, Ngoitiko na bastola kiunoni na magazini mbili ndefu mfukoni, zimejazwa tangu jana jioni. Ukungu ulikuwa mzito, na baridi ya Julai huko inakung'ata masikio. Gari la walinzi wa zamu likaingia. Nyuma akateremka Mzee Piusi, akishika goti lake. Hakuna aliyemwita.

Alitusalimia wote mmoja mmoja, akamwomba Ngoitiko magazini moja. Ngoitiko alisita, kisha akampa. Mzee akaanza kuzisukuma risasi nje kwa kidole gumba, akihesabu. Moja. Mbili. Tatu. Nne. Ya tano haikuja. Akaiinamisha magazini ili tuone: risasi zilikuwa zimekaa chini, hazipandi. Alingoja. Sote tulingoja. Baada ya muda zikapanda kidogo, kwa uvivu, zikasimama tena katikati. Akachukua ya pili. Ile ilitoa tatu.

Aliingiza ncha ya kisu ndani, akaitoa na kitu cheupe kilichoganda, akakisugua kati ya vidole. Akamtazama Ngoitiko.

Ngoitiko alikiri bila kuulizwa mara mbili. Siku ile ya Jumatano, baada ya kuziosha, aliona zinakwaruza ndani. Akazipaka mafuta ya mkia wa kondoo, kama baba yake alivyopaka ala ya sime ili sime itoke bila kugoma. Na sime haikugoma kamwe. Kwenye jua la machimbo mafuta yalikuwa yameyeyuka na kila kitu kikateleza. Huku juu yalikuwa yameganda.

"Nilitaka zikubali, mzee," alisema. "Nimwone mtoto."

"Na zingekataa zikiwa mkononi mwa nani?" Mzee Piusi alimuuliza. 

Hapo Philbert, badala ya kushukuru Mungu, akachomoa fomu kwenye koti. Wakala alikuwa amesimama pale, na Philbert hakutaka kuonekana mjinga. Akasema kwa sauti ya juu kwamba haelewi, mbona jana mzee mwenyewe alitia saini, hii hapa. Akampa.

Mzee Piusi aliisoma karatasi yote kuanzia juu, jina la kampuni, tarehe, namba za magazini. Alipofika chini akaitazama saini. Nilikuwa hatua mbili kutoka kwake, nimejikunyata ndani ya koti. Hakunitazama, na hapo nikajua kwamba amejua. Maneno yalikuwa mdomoni mwangu, maneno mawili tu, ni mimi. Nilifikiria kodi ya chumba, nikamfikiria mdogo wangu, na sikuyasema.

"Saini ni yangu," alisema Mzee Piusi. "Nilikosea. Naifuta."

Aliomba kalamu ya Philbert, akapiga mstari juu ya ile saini, akaandika yake pembeni, polepole kama kawaida. Wakala alisema kwa upole kwamba risasi kumi na tatu zinazotoka ni bora kuliko ishirini na tano zinazobaki ndani. Mzee akatoa kwenye mfuko wake magazini mbili za zamani, akazijaza, akampa Ngoitiko. Gari likaondoka saa moja na nusu. Philbert alimwachisha kazi Mzee Piusi palepale kwenye maegesho, akisema mtu anayesaini Ijumaa na kufuta Jumamosi hafai kushika funguo za ghala. Mzee alizitoa funguo, akazihesabu, akamkabidhi.

Njiani hakikutokea kitu. Hakuna mnyang'anyi aliyejitokeza hadi Loliondo na kurudi, na Ngoitiko alimwona mwanawe. Kwa miezi Philbert alikuwa akituambia ofisini, mnaona, hakikutokea kitu, tumetishana bure. Kila aliposema hivyo nilitamani kumtupia mashine ya kupiga chapa.

Agosti nilikwenda Kansay. Nilikuwa nimejiandaa kuomba msamaha, lakini nilipomwona ameketi pale anachagua mbegu, hasira ndiyo iliyotangulia. Nilimwambia kwamba yeye, mtu aliyefukuzwa kambini kwa kukataa kusema uongo juu ya risasi chache zilizolowa, hakuwa na haki ya kusema uongo kwa ajili yangu. Nililia nikimfokea. Mkewe alisimama mlangoni akatusikiliza.

Mzee Piusi alimaliza mbegu zilizokuwa kiganjani kwanza.

"Wewe ulipolitumia jina langu hukuniuliza," alisema. "Na mimi nilipoikubali ile saini sikukuuliza."

Kisha akaniomba nisogee, kwa sababu nilikuwa nimekalia gunia la mbaazi.