Talaka Mbele ya Kamera

Miaka kumi na mbili nimekuwa mtu wa pembeni. Nimefungua mageti ya matajiri, nimeuza sigara kwenye vibanda vya uongo, nimekuwa ami anayeleta habari ya msiba kisha asionekane tena. Ukiniona kwenye tamthilia utasema, "Huyu namjua," halafu jina likupotee. Kazi hii sijapata kuridhika nayo, na kuiacha siwezi. Nikiwa Pemba nawaza Unguja. Nikifika Unguja nawaza nyumbani.

Asubuhi ile tulikuwa Unguja tunarekodi, mke wangu akanipigia simu kutoka nyumbani Chokocho, Pemba. Msimu wa karafuu ulikuwa umepamba moto, naye hana wa kumsaidia kuchuma. "Mtu mzima kutwa kuwafungulia watu mageti," akaniambia, "na karafuu zako zapukutika chini! Kazi gani hiyo, haina mbele haina nyuma?" Akakata. Yalinichoma, kwa kuwa na mimi nilikuwa nikijiambia hayo hayo.

Saa mbili baadaye nikasimamishwa mbele ya kamera. Nilikuwa muuza duka anayemwacha mkewe. Kwetu waigizaji maneno mara nyingi hayaandikwi. Unaambiwa jambo lenyewe, ya kusema utajua mwenyewe. Nikauliza, huyu mke anaitwa nani? Mwongozaji akajibu, "Mpe jina lolote." Nikafungua kinywa, likatoka jina la mke wangu, na la baba yake juu. "Nimekuacha," nikasema. "Nenda kwenu, nimekuacha." Mwongozaji, ambaye hakuwahi kunisifu hata siku moja, alinikumbatia na kusema hapana haja ya kurudia. Niliona fahari, sitaki kudanganya. Habari ya lile jina nilikuja kuikumbuka baadaye, nikajifariji kwamba watalikata.

Hawakulikata. Miezi mitano baadaye mke wangu alilisikia akiwa kwa jirani, sebule nzima ya wanawake wanamtazama yeye badala ya televisheni. Nilipofika nyumbani kesho yake alinitolea kiti nje.

"Kaa hapo hapo," akasema. "Ndani huingii mpaka shehe aseme mie n'nani kwako."

"Ulikuwa mchezo, mke wangu."

"Talaka haina mchezo, weye! Hujui?"

Nilijua. Hilo tulifundishwa chuo cha Kurani tukiwa wadogo. Siku tatu nikakaa kwa dada yangu, kutulia siwezi. Natoka kwenda madukani Mtambile, nikifika nimesahau nilichofuata, narudi. Nilimpenda mke wangu na nilikuwa naogopa.

Siku ya nne tukaenda kwa shehe. Mke wangu alikaa upande wake wa mkeka, amenipa mgongo. Shehe akanisikiliza mpaka mwisho, akavua miwani.

"Mwanangu," akasema, "mtu akihadithia maneno ya mwengine, talaka haimwangukii. Lakini jina lile hukupewa, umelileta mwenyewe. Basi nakuuliza, na Mola wako anasikia. Ulipotamka, ulimkusudia mkeo?"

Niliuona tena uso wa mke wangu kama nilivyouona siku ile mbele ya kamera, na ile simu ikinichemka kifuani. Nilitaka aumie. Kumwacha, je, nilitaka? Kwa muda wa pumzi moja, labda. Labda hata hiyo moja haikufika. Shehe alikuwa akingoja.

"Sikumkusudia, shehe," nikasema. "Wallahi, ilikuwa kazi tu."

"Basi ni mkeo. Nendeni, na ulimi wako uuchunge."

Nikashukuru mpaka nikaona haya. Njia nzima nilikuwa nikizungumza mimi tu: karafuu nitachuma, Unguja siendi tena mwaka huu. Tulipofika mlangoni mke wangu akasimama.

"Miaka yote mie nakutizama," akasema. "Kila ukiigiza, jicho lako la kushoto hupepesa. Unajua?"

Sikujua. Hakuna mwongozaji aliyewahi kuniambia.

"Siku ya ile talaka halikupepesa," akasema. "Nimeirudia mara tatu kwenye simu ya jirani. Leo kwa shehe nimegeuka kukutizama. Limepepesa."

Akaingia ndani, akauacha mlango wazi. Nikabaki nje na viatu mkononi.