Pamba Iliyokataa Kuota Mpitimbi

Mdachi ameshaondoka, kwa hiyo sasa naweza kusimulia nilichokiona bomani Songea kabla ya Maji Maji. Tulikuwa tumepanga mstari barazani, kila mmoja amweleze Mdachi wa boma na akida wake habari za pamba tuliyolazimishwa kupanda. Mbele yangu alikuwa bibi mmoja wa Mpitimbi, ambaye shambani kwake haukuota hata mche mmoja. Askari alisimama kando yake na kiboko mkononi.

"Ulezi wa pombe unauotesha kwa siku tatu," akida alimwambia. "Iweje pamba ikushinde?"

Bibi alipiga magoti, akaiweka sawa kaniki yake bila haraka. "Ulezi, bwana akida, unajua unakokwenda."

Akida, ambaye hakuna wiki aliyokosa kwenda kunywa pombe ya bibi huyo, alikohoa akatazama dari. Kisha akamtafsiria Mdachi kwamba udongo wa Mpitimbi haufai kwa pamba. Mdachi akaandika.

Ilipofika zamu yangu, nilisema kwa fahari kwamba pamba yangu imeota yote. Mdachi akanipa mkono, akaniamuru msimu ujao nilime shamba mara mbili ya lile.

Nje nilimwamkia bibi shikamoo. Aliitikia marahaba, akanitazama kwa huruma kama anayemtazama mgonjwa.

"Kwani, mwanangu," aliuliza, "nyumbani kwenu hakuna chungu cha kuchemshia mbegu?"

Vyungu tulikuwa navyo vinne. Tatizo ni kwamba mimi nilikuwa nimesoma.